UZI: Anne Parillaud wa Nikita (1990), mama ambaye wauaji wengi wa kike kwenye muvi wamepita njia yake

Mleta uzi:

Wakuu salama? Kwenye nyuzi za muvi humu kila ikija mada ya wanawake wa kazi, wale wa kushika bunduki, watu wanataja Maggie Q wa season ya Nikita, wanataja Zoe Saldana wa Colombiana, Scarlett Johansson wa Lucy, basi mada imeisha. Anne Parillaud hatajwi kabisa na hilo limeniuma muda mrefu, maana ukimtoa huyo mama hapo nyuma, nyingi ya hizo muvi zisingekuwa kama tunavyozijua. Leo nimeamua kukaa niandike alikotoka, alivyoipata ile nafasi ya steringi kwenye Nikita, muvi ya Kifaransa, alichoifanyia na kilichomkuta baadaye. Ni uzi mrefu. Na nasimulia mpaka mwisho wa muvi, ambaye hajaiona na hapendi kusimuliwa akaitafute kwanza ndo arudi.

Parillaud amezaliwa Paris, Mei 1960. Utotoni alicheza baleti, na ukiuangalia mwili wake kwenye Nikita hilo linaonekana, ntaligusa mbele. Kwenye sinema kaingia bado binti mdogo, 1978 yupo kwenye L'Hôtel de la plage, muvi ya familia zilizoenda likizo ufukweni, ya kuchekesha tu. 1980 yupo kwenye Girls ya Just Jaeckin, huyo ndo mwongozaji wa Emmanuelle, ile muvi ya mambo ya kitandani, kwahiyo unaelewa mara moja kamera ilikuwa inamtafuta nini yule binti. Alafu akaja Alain Delon. Wakubwa humu mnamjua Delon alikuwa nani Ufaransa, hakuna steringi aliyekuwa juu yake. 1981 Delon akaamua kuongoza muvi yake mwenyewe kwa mara ya kwanza, Pour la peau d'un flic, akampa Parillaud nafasi ya sekretari wake. 1983 akaongoza nyingine, Le Battant, akamuweka tena. Nje ya kamera nako wakawa wapenzi na magazeti yakala hapo.

Sasa fikiria, una miaka 21, unasimama pembeni ya mtu mkubwa kuliko wote kwenye sinema ya nchi yako, kwa nje inaonekana bahati ya mtende. Ila kilichofuata ni kwamba watu walibaki kumuona kama yule mrembo wa Delon, na baada ya hapo kazi zikakauka. Katikati ya miaka ya 80 ukiangalia orodha ya muvi zake kuna pengo kubwa kweli. Mtu akikuona pambo mara mbili tatu mfululizo anaacha kukuuliza kama unajua kuigiza.

Hapo ndo anaingia Luc Besson. Walioana 1986, mwaka uliofuata wakapata binti. Besson alikuwa mwongozaji kijana anayekuja juu kwa kasi, ametoka na Subway 1985, alafu 1988 Le Grand Bleu, ile ya wazamiaji, wakosoaji waliiponda pale kwenye tamasha la sinema la Cannes ila wananchi wakaingia zaidi ya milioni 9 Ufaransa peke yake. Baada ya hapo angeweza kupata muigizaji yeyote anayemtaka. Akamwandikia mke wake, ndo Nikita hiyo.

Naendelea chini, msiniwekee matangazo katikati.

Mzee wa Kaseti:

Kaa mkao wa kula. Hii niliiona enzi za kaseti za VHS, kibanda umiza, kiti cha mbao, nimekaa mbele kabisa. Shusha mkuu.

mtaa_wa_saba:

Kwahiyo alipewa nafasi sababu ni mke wa mwongozaji, hapo pia tuseme ukweli.

Mleta uzi:

@mtaa_wa_saba ntakujibu, ngoja kwanza uone alichopewa kiko vipi.

Muvi inaanza usiku, kikundi cha mateja wanavunja duka la dawa. Mmoja wao ni mtoto wa mwenye duka. Nikita yupo nao ila hana hata habari ya wizi wenyewe, anavutwa kama mzigo, arosto imemshika, anakaa chini ya kaunta anasubiri wenzake wamletee. Polisi wanakuja, risasi zinapigwa, wenzake wote wanaisha. Inakuwa kimya. Askari mmoja kijana anainama kumuangalia kule chini ya kaunta, anamuongelesha kwa upole kabisa, na Nikita anamuwekea bastola chini ya kidevu anafyatua.

Hiyo ndo salamu ya steringi wetu. Askari hakuwa mbaya, hakumtukana, hakumpiga. Kamuua mtu asiye na kosa usoni kwake na sura yake haina kitu. Nataka mliweke hili kichwani maana huko mbele ndo hoja yangu kubwa itasimama.

Kituoni anamchoma askari mwingine penseli mkononi. Mahakamani anahukumiwa kifungo cha maisha, anapigana na walinzi mpaka anatolewa. Alafu anachomwa sindano, anaamka kwenye chumba cheupe anadhani amekufa, anaingia mwanaume mmoja mtaratibu kavaa vizuri, jina Bob, kaigiza Tchéky Karyo. Bob anamwambia serikali imeshatangaza umekufa, picha za mazishi yako hizi hapa, kaburi lako lipo. Una njia mbili, uifanyie serikali kazi au uende kwenye hilo kaburi.

Sasa angalia Parillaud anachofanya hapo. Mwanzoni huyu mtu anakaa kama mnyama aliyebanwa. Kichwa chini, mabega juu, macho yanakimbia, anakaa sakafuni wakati kiti kipo, anaongea maneno machache na mengi ni matusi. Akipelekwa darasa la kupigana anamng'ata mwalimu sikio alafu anaanza kucheza muziki pale pale. Kila kitu anakifanya kwa mwili, na hapa ndo baleti inaonekana, mtu asiyejua kuutawala mwili wake hawezi kuuharibu kwa makusudi namna ile. Alipitia mafunzo marefu kabla ya kurekodi, judo, kulenga shabaha na mengine, ila mafunzo ya bunduki kila muigizaji anapewa siku hizi. Hakuna mafunzo ya kukaa sakafuni vile.

Alafu wanamuweka mikononi mwa Amande, mama anayefundisha wasichana wa pale kuwa wanawake, kujipaka, kutembea, kutabasamu. Amande ni Jeanne Moreau. Wale wa sinema za zamani wanajua uzito wa hilo jina, malkia wa sinema ya Ufaransa tangu mwisho wa miaka ya 50. Kwahiyo unaona kwenye kioo cha kujipambia malkia mzee amesimama nyuma ya binti ambaye miaka kumi yote alikuwa akichukuliwa kama uso mzuri tu, anamfundisha uzuri ni silaha. Mimi kila nikifika hapo naona kama Moreau anamkabidhi kitu Parillaud mwenyewe, sio Nikita.

binti_ngamiani:

Hiyo sehemu ya kioo niliipenda sana. Nikita anajaribu kutabasamu na haiwezi ile tabasamu, mdomo unakataa. Kaka endelea na ile ya mgahawani.

Mleta uzi:

Dada umenifikisha penyewe.

Miaka mitatu imepita ndani hajatoka. Siku yake ya kuzaliwa Bob anamtoa kwa mara ya kwanza, anampeleka kula chakula cha usiku. Mgahawa ni Le Train Bleu, ule uliopo ndani ya stesheni ya Gare de Lyon pale Paris, upo mpaka leo, dari zake zimechorwa michoro na kunakshiwa dhahabu kila mahali. Nikita kavaa gauni jeusi, kapendeza, anaangalia dari, anaangalia watu, anacheka kama mtoto. Bob anampa zawadi kwenye boksi. Anafungua kwa furaha, ndani kuna bastola kubwa. Bob anamwambia nyuma yako kuna mtu anakula, muue, alafu kimbilia choo cha wanaume kuna dirisha, gari inakusubiri nje. Anainuka anaondoka.

Wakuu pale uso wa Parillaud. Kuna sekunde kadhaa hakuna anayeongea. Furaha haiondoki mara moja, inaondoka kidogo kidogo, kwanza macho, alafu mdomo, alafu anaelewa kwamba hakuletwa kula. Hajalia. Anameza. Anainuka anafanya kazi. Anakimbilia chooni, anafungua dirisha, limejengewa tofali. Ukuta mtupu. Inabidi apigane apite jikoni, walinzi wanamfukuza, wanafyatua mpaka kombora humo jikoni, anajirusha kwenye shimo la kutupia vitu anatokea chini.

Hiyo ya kukimbia jikoni ndo iliyoigwa na dunia nzima. Ila mimi nawaambia iliyobeba muvi ni zile sekunde za mezani kabla hajainuka. Bila hizo, jikoni ni fujo tu ya risasi na sufuria.

@mtaa_wa_saba sasa nakujibu. Ndio, alikuwa mke wa mwongozaji. Lakini mke wa mwongozaji angeandikiwa nafasi ya kupendeza. Huyu kaandikiwa teja muuaji mwenye nywele chafu anayenuka, na dakika zote karibia za muvi yupo kwenye kamera, hakuna mahali pa kujificha. Angefeli angezikwa pale pale, na watu walikuwa wanasubiri afeli.

mtaa_wa_saba:

Nimekuelewa hapo. Ila wakosoaji wengi walisema Besson ni rangi na muziki tu, ndani hamna kitu. Taa za bluu, kinanda cha Éric Serra, basi.

Mleta uzi:

Ndio walisema, na sio kwa Besson tu, kulikuwa na kundi zima la waongozaji wa Ufaransa miaka ile, kina Beineix na Carax, wote waliambiwa wanapamba ukuta. Kwa Subway mi naweza kukubaliana na wewe nusu. Kwa Nikita sikubali, na sababu ni huyu huyu mwanamke. Hizo rangi za Thierry Arbogast ni nzuri kweli na muziki wa Serra upo vizuri, ila ukizima sauti na kuangalia uso wake tu bado unaelewa kila kitu kinachompata. Jaribu.

Na hata wenzao wa sinema waliona. Tuzo za César za 1991, hizo ndo tuzo kubwa za sinema Ufaransa, ule mwaka Cyrano de Bergerac ya Depardieu ilifagia, tuzo 10, ilikuwa karibu kila bahasha ikifunguliwa ni Cyrano. Kwenye muigizaji bora wa kike walikuwepo Nathalie Baye, Miou-Miou, bibi Tsilla Chelton wa Tatie Danielle, na Anne Brochet wa huyo huyo Cyrano. Akachukua Parillaud. Muvi ya bunduki! Wale watu wa César hawapendi kabisa muvi za bunduki. Italia nao wakampa David di Donatello, tuzo yao ya sinema, ya muigizaji bora wa kike wa kigeni. Na wananchi Ufaransa waliingia zaidi ya milioni 3.

Bukavu Moja:

Muniruhusu nichangie, mi niko Bukavu na hii tuliiangalia kwa Kifaransa yenyewe. Kuna kitu wenye kusoma maandishi ya chini hamukipati. Mwanzoni ule mwanamke anaongea Kifaransa cha vijana wa barabarani, anakula maneno nusu, sauti iko juu kama mtoto anayelia. Kadiri muvi inaenda, sauti inashuka, anatamka vizuri, mwisho anaongea kama mama wa mjini. Na wakati ule anakasirikia Bob ile sauti ya kwanza inarudi. Watu wakisema anaigiza kwa mwili ni kweli, lakini na sauti nayo iko kazini.

Mleta uzi:

Ahsante sana ndugu yangu wa Bukavu, hiyo umeniongezea kitu kikubwa. Ndo maana nawaambiaga watu wasiiangalie ile iliyowekewa sauti za Kiingereza juu, unakuwa umemkata Parillaud nusu.

Tuendelee. Baada ya mgahawani wanamuachia atoke, anapewa jina jipya Marie, anapewa chumba mjini, kazi ya uongo ya unesi, na jina la kuitwa kwenye simu ni Joséphine. Anaenda supamaketi kwa mara ya kwanza kama mtu huru, anaangalia mwanamke mwingine anaweka nini kwenye toroli na yeye anaweka hivyo hivyo, maana hajui mtu wa kawaida ananunua nini. Anampenda keshia, Marco, kaigiza Jean-Hugues Anglade. Yule kaka mpole kweli.

Na sasa Venice. Bob anawapa tiketi kama zawadi ya mapumziko. Wapo hotelini wana furaha, simu inaita, Joséphine. Anaingia bafuni, bunduki ipo imefichwa humo vipande vipande, anaiunga, anaweka mtutu dirishani anasubiri aambiwe nani. Nje ya mlango Marco anaongea nae, anamwambia anampenda, anamwambia najua kuna vitu hunielezi, anataka jibu. Na yeye hawezi kujibu maana sikioni anasikiliza maelekezo na jicho lipo kwenye darubini. Machozi yanamtoka, mkono hautikisiki. Anafyatua. Aliyempiga ni mwanamke.

Naomba mtafute muvi nyingine ya steringi anayelia huku analenga, kabla ya 1990. Wanaume wa muvi zile walikuwa wanaua watu 40 alafu wanatania. Wanawake wachache waliokuwepo wengi walikuwa ama wa kuokolewa au wa chuma. Huyu analia na anapiga, vyote kwa pamoja, kimoja hakipunguzi kingine.

Mzee wa Kaseti:

Hapo nina neno. Sigourney Weaver alikuwepo kwenye Alien tangu 1979 na Michelle Yeoh kule Hong Kong 1985 na Yes, Madam. Na Pam Grier kabla yao wote. Tuwape haki yao na hao.

Mleta uzi:

Mzee wangu shikamoo, hao ni wakubwa na hakuna wa kuwagusa. Sijasema Parillaud ndo mwanamke wa kwanza kushika bunduki. Ninachosema ni aina hii: mwanamke mwenye hatia kweli, aliyekamatwa na serikali, akafundishwa kuua, akavalishwa vizuri, na akaanza kuwa mtu wakati huo huo anaofundishwa kuacha kuwa mtu. Weaver anapigana na mnyama kutoka angani, Yeoh ni polisi, Pam Grier analipiza kisasi. Wote hao haki ipo upande wao tangu mwanzo. Nikita haki haipo upande wake, na bado tunamuombea atoke salama.

Na sasa tuje kwenye kuigwa, maana hii ndo inaonyesha Parillaud alifanya nini. Wamechukua hadithi mara nyingi mno. 1991 Hong Kong wametoa Black Cat na Jade Leung, yule dada nae akapata tuzo ya chipukizi bora kwao. 1993 Marekani wametoa Point of No Return na Bridget Fonda, hawakubadili karibu kitu, mgahawa upo, dirisha lenye tofali lipo, bafu lipo, Venice tu wameigeuza New Orleans wakati wa sherehe za Mardi Gras. 1997 mpaka 2001 ikaja season ya kwenye TV, La Femme Nikita na Peta Wilson. 2010 mpaka 2013 ikaja Nikita ya Maggie Q, hiyo ndo wengi wetu tuliikuta kwenye DVD za mtaani zile za season nzima kwenye sahani moja.

Bridget Fonda ni muigizaji mzuri. Lakini weka zile dakika za mgahawani za wote wawili ukaangalie. Fonda unaona mtu mzuri amewekwa kwenye hali mbaya. Parillaud unaona mtu ambaye mpaka jana hakuwa na uhakika kama yeye ni mtu, leo amevalishwa gauni akaamini, alafu ananyang'anywa. Hiyo hadithi inaweza kununuliwa, waliinunua, ila yule mwanamke hakuwemo kwenye mkataba.

Na Peta Wilson ndo walifanya kitu ambacho mimi sikubaliani nacho kabisa. Wamebadili mwanzo, kwenye ile season Nikita hajaua mtu, amesingiziwa. Yaani wametoa ule mwanzo wa duka la dawa. Unaona walivyoogopa? Waliona watazamaji hawatampenda mwanamke aliyemuua askari mpole bila sababu. Wakati Parillaud alishawathibitishia kwamba inawezekana, wanampenda, wanamlilia, na hawasahau alichofanya. Ukimfanya asiye na hatia anabaki msichana mzuri anayeonewa, tumewaona wengi.

binti_ngamiani:

Kaka mimi namtetea Maggie Q. Yake sio kurudia, ameshatoroka anarudi kuwabomoa waliomtengeneza. Ile ni hadithi nyingine. Na mimi nikiwa binti kumuona mwanamke wa sura ya Kiasia anaongoza season nzima ya Marekani kilikuwa kitu.

Mleta uzi:

Dada hapo nakubaliana na wewe, ya Maggie Q naiheshimu kuliko ya Peta kwa sababu hiyo hiyo, wameanzia pale muvi ilipoishia. Maana muvi ya 1990 inaishia Nikita ametoweka, baada ya kazi moja aliyopewa ubalozini kuharibika. Hapo ndo anaingia Jean Reno, Victor msafishaji, yule anayeitwa kazi ikiharibika afute ushahidi, anamwagia watu tindikali na mmoja wao bado mzima, Nikita anapiga kelele. Mnajua huyo Victor ndo mbegu ya Léon, muvi ya Besson na Reno ya 1994. Basi kila mtu anakumbuka Reno, yupo dakika chache mno, alafu Parillaud aliyebeba zile zote zilizobaki hakumbukwi. Inauma.

Mwisho Nikita anaondoka alfajiri, Marco na Bob wanabaki wamekaa wanaongea kuhusu yeye, wanaume wawili waliompenda kila mtu kwa namna yake, na hayupo. Huoni anapoenda. Kwahiyo Maggie Q kujibu alienda wapi, sawa.

chuma_cha_reli:

Sawa tumekuelewa, sasa kwanini alipotea? Mtu anachukua César alafu kimya. Waigizaji wenzake wa Ufaransa kina Juliette Binoche wakapaa.

Mleta uzi:

Mkuu hakupotea, na hii ndo sehemu nilikuwa nataka niifikie.

Yeye na Besson waliachana 1991. Hollywood wakamuita. 1992 katoka na Innocent Blood ya John Landis, yupo Pittsburgh, ni mnyonya damu anayekula mafia tu, watu wema hawagusi. Ina vichekesho na damu nyingi, haikufanya vizuri sokoni, ila yeye mle ndani hana kosa. Mwaka huo huo Map of the Human Heart ya Vincent Ward, hiyo naomba muitafute kwa nguvu zote. Kijana Mwinuiti, wale wenyeji wa asili wa kaskazini kwenye barafu, na binti chotara wanakutana hospitali wakiwa watoto Canada, wanapendana, wanapoteana, wanakutana tena vita kuu ya pili, mpaka kwenye mabomu ya Dresden kule Ujerumani. Parillaud ni huyo binti akiwa mkubwa. Hana bunduki humo na bado huwezi kuacha kumtazama.

1994 À la folie ya Diane Kurys, yeye na Béatrice Dalle, ndugu wawili wanateseka ndani ya nyumba moja. 1998 Shattered Image ya Raúl Ruiz, anaigiza mwanamke mmoja aliyegawanyika, upande mmoja ni muuaji wa kukodiwa, upande wa pili bibi harusi yupo fungate Jamaica, na hujui yupi anamuota mwenzake. Wakati ule alishaweza kukataa bunduki kabisa, akaichukua kwa namna hiyo ya ajabu.

Na mwaka huo huo The Man in the Iron Mask. Hii wote mmeiona, ilitoka DiCaprio akiwa wa moto baada ya Titanic. Mnamkumbuka malkia Anne, mama wa mfalme? Ndo huyo. Sasa hesabu, DiCaprio kazaliwa 1974, Parillaud 1960. Miaka 14 wamepishana, na wamempa awe mama yake. Miaka nane tu imepita tangu awe binti wa miaka 19 kwenye Nikita. Ukiuliza kwanini alipotea jibu lipo hapo, hakupotea, walimzeesha. Wale wanaume wakubwa wa ile muvi, Irons, Malkovich, Byrne, wamemzidi umri na wanarukaruka na mapanga, yeye amekalishwa kwenye kiti cha enzi analia.

Binoche alipaa kweli na anastahili. Ila Binoche hakuwa na kivuli cha muvi moja iliyorudiwa kila baada ya miaka michache na sura za wanawake wengine. Kila ikitoka Nikita mpya, magazeti yanamtaja Besson.

mtaa_wa_saba:

Aisee hiyo ya DiCaprio sikuwahi kuihesabu.

chuma_cha_reli:

Na hawa wa karibuni? Élodie Yung wa Banlieue 13 Ultimatum ya 2009, yule wa kupiga watu na nywele, baadaye akawa Elektra kwenye season ya Daredevil. Naye ni Mfaransa na ni kiwanda kile kile cha Besson.

Mleta uzi:

Élodie nampenda sana, ana mkanda mweusi wa karate kwahiyo mapigano yake ni ya kweli, na alivyofika Daredevil 2016 akapewa mtu wa kuigiza, sio mateke tu. Ile Banlieue 13 ya pili haikumpa nafasi ya kutosha, amekuja kapiga kaondoka. Hapo ndo unaona tofauti, baada ya miaka ya 2000 Besson akiwa na kampuni yake EuropaCorp ametengeneza wanawake wa kupigana wengi, Colombiana, Lucy, Anna ya 2019. Anna hasa ni Nikita ile ile, msichana ameharibikiwa, serikali inamchukua, kuna mpaka kazi ya mgahawani. Mapigano ya Anna ni makali kuliko ya Nikita, hilo halina ubishi, mbinu zimeendelea. Ila hakuna zile sekunde za mezani. Kamera haina subira ya kukaa na uso wa mtu.

binti_ngamiani:

Mtu akimaliza Nikita aangalie ipi nyingine ya kwake?

Mleta uzi:

Map of the Human Heart iwe ya pili. Ukitoka hapo nenda Sex Is Comedy ya Catherine Breillat, 2002. Jina lisikutishe na usiiangalie na wazazi. Humo Parillaud ni mwongozaji wa muvi, anaitwa Jeanne, siku zinaenda na waigizaji wake wawili vijana hawapendani na inabidi warekodi kipande cha kitandani. Breillat kaandika kutokana na yaliyomkuta yeye mwenyewe akirekodi muvi yake iliyotangulia. Parillaud ana miaka zaidi ya 40, mguu umefungwa, anazunguka location anabembeleza, anafoka, anadanganya, anamshika binti mabega anamuelekeza mpaka analia. Yule binti wa Girls na wa Delon, aliyekuwa anaambiwa simama hapa geuka hivi, sasa yeye ndo anaamua kamera ikae wapi. Mwaka huo huo yupo kwenye Gangsters ya Olivier Marchal, hiyo ni ya polisi na majambazi ya Paris, ngumu, imeandikwa na mtu aliyewahi kuwa polisi mwenyewe, kwa wale mnaotaka arudi kwenye bunduki.

Kwa Nikita yenyewe chukua ya Kifaransa yenye maandishi chini, uiangalie usiku, uzime taa, na ukifika pale Bob anapoinuka mezani usiguse simu.